Aliyesema Tupite Sokoni

Wito wa mahakama ulimkuta Muhindo na gunia la chumvi ya Katwe mgongoni. Ilikuwa saa nne asubuhi, siku ya soko, na nje ya uzio wa forodha ya Mpondwe palikuwa pamejaa malori yanayosubiri kuvuka kwenda Kongo. Mtu aliyeuleta, karani mwembamba aliyetoka Kasese, alingoja kwa adabu mpaka gunia likatua juu ya lori, ndipo akauliza kama huyu ndiye mwenyekiti wa Umoja wa Wachukuzi Tuinuane. Muhindo akapangusa mikono kwenye suruali, akakubali kwamba ndiye.

"Weka sahihi hapa," karani akasema. "Karatasi moja ni yako, nyingine ni ya chama."

Muhindo hakuwa msomaji wa haraka. Alisimama kwenye kivuli cha lori akaipitia ile karatasi neno kwa neno, na jina la kwanza alilolitambua lilikuwa la Laurentine. Akarudi juu akasoma tena, akitumaini kuna Laurentine mwingine. Hakukuwa na mwingine. Laurentine, fundi wa kushona nguo, mkazi wa Bwera, alikuwa anakishitaki chama cha wachukuzi pamoja na mwenyekiti wake, akidai fidia ya jicho lake la kulia.

Kilichomuuma zaidi ni kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyembeba siku ile mpaka hospitali.

Miezi minane nyuma, kampuni moja ngeni ilipewa kazi ya kupakua mizigo ndani ya yadi kwa mashine, na wachukuzi zaidi ya mia mbili wakaambiwa wabaki nje ya uzio. Walikuwa watu waliobeba magunia kwenye mpaka ule tangu ujana wao. Wengine mabega yao yalishainama upande mmoja na hayakunyooka tena. Muhindo akaandika barua kwa polisi. Wangeandamana kwa amani kutoka stendi mpaka lango la forodha, wafuate barabara kubwa, wakabidhi malalamiko yao, watawanyike. Afande Muhwezi, askari aliyepewa kusimamia siku hiyo, mtu wa Ankole aliyekuwa akiishi kambini na familia yake, aliitembea barabara yote pamoja naye, hatua kwa hatua. Wakakubaliana, wakapeana mikono.

Siku yenyewe walijitokeza watu kama mia tatu. Lakini barabara ile ni pana, na watu mia tatu ndani yake walionekana kama waumini wanaotoka ibadani, kila mmoja na nafasi yake. Muhindo alipanda juu ya mkokoteni, akageuka kuwatazama, akaona walivyo wachache. Akafikiria wakubwa wa ile kampuni wakichungulia dirishani na kucheka. Basi akainua kipaza sauti akasema, "Tupite sokoni."

Ndani ya uchochoro wa soko mambo yalibadilika kama alivyotaka. Watu walijaa ukuta kwa ukuta, nyimbo ziligonga mabati na kurudi, na yeyote aliyetazama angeapa kuna watu elfu moja. Raha hiyo ilidumu dakika chache. Mtu fulani akawasha tairi. Askari waliokuwa wakingojea kule barabara kubwa wakaja mbio kwa upande wa pili, wakalikuta kundi wasilolitarajia, wakapiga mabomu ya machozi. Waliokuwa mbele wakataka kurudi nyuma, waliokuwa nyuma wakasukuma mbele, na katikati mawe yakaanza kuruka. Nani alirusha la kwanza, hakuna aliyewahi kusema.

Laurentine alikuwa kwenye mlango wa kibanda chake, akivuta cherehani kuiingiza ndani. Jiwe lilimpata akiwa ameinama, akiinua uso.

Muhindo alimkuta amekaa chini, viganja vyote viwili usoni, damu ikipita kati ya vidole. Akamweka mgongoni kama anavyobeba mzigo, akapita naye katikati ya moshi, akatembea mpaka hospitali ya Bwera bila kumtua. Madaktari walifanya walichoweza. Akapelekwa mbali zaidi, akarudishwa hospitali ya Bwera baada ya wiki tatu na pamba juu ya tundu la jicho. Muhindo alimtembelea mara nne. Alipeleka machungwa, alipeleka sabuni, alisali naye. Mara ya nne alimwambia kwamba Mungu anajua yote, na Laurentine akageukia ukutani.

Chama kilikutana Jumapili baada ya wito, chini ya banda la mabati wanapopumzikia wachukuzi. Wakili wao, Jonan, kijana wa Kasese aliyevaa tai kwenye joto lile, aliwaeleza kesi kwa maneno mepesi.

"Aliyerusha jiwe hajulikani, na asiyejulikana hashitakiki. Kwa hiyo yule mama anasema hivi: nyinyi ndio mliokusanya watu, na mliwapeleka mahali ambapo mtu mwenye akili angejua kuna hatari. Huo ni uzembe, na uzembe hulipwa." Akainua nakala ya barua waliyowaandikia polisi. "Lakini hapa mmeandika barabara kubwa. Kama watu waliacha barabara wenyewe, bila kuambiwa, hilo haliwahusu. Kila mtu atabeba tendo lake. Kama kuna aliyewaongoza kuingia sokoni, hapo ndipo chama kinaingia, na huyo mtu naye anaingia pamoja nacho."

Hakuna aliyemtazama Muhindo. Watu walitazama viatu vyao.

Sam, katibu wa chama, mtu mwepesi wa maneno na mzuri wa hesabu, akasimama. "Watu waliacha barabara wenyewe. Mimi nilikuwa hapo. Na tena, huyo mama alikuwa anarusha mawe na wengine. Niko na watu wawili wako tayari kusema hivyo."

"Walimwona?" Jonan akauliza.

"Watasema walimwona."

Wakili akaanza kukunja karatasi zake. "Mimi sijasikia hilo. Mtakachosema mahakamani mtakisema baada ya kuapa, na mimi nitawauliza maswali tu."

Mzee mmoja nyuma akanung'unika kwamba ni mambo ya ajabu Mkongomani kuja kuwashitaki watu kwao, na wengine wakaitikia. Muhindo alitaka kusema kitu. Aliangalia zile nyuso, watu aliokula nao ugali mmoja miaka kumi na saba, watu waliomchagua mara tatu, na akiba yao yote iliyokuwa inangojea kununua pikipiki za magurudumu matatu. Akafunga kikao kwa sala.

Nyumbani, mkewe Docus alikuwa anatwanga karanga. Alimsimulia kila kitu isipokuwa maneno aliyoyasema yeye mwenyewe kwenye kipaza sauti. Docus hakuacha kutwanga.

"Nenda kamwone," alisema. "Nyinyi si watu wa kuongea kupitia karani."

Alikwenda Jumatatu jioni, kabla kibanda hakijafungwa. Laurentine alikuwa mezani, amevaa miwani nyeusi, mbele yake kitambaa cha bluu cha sare za shule. Alitoka Butembo, ng'ambo ya mpaka, miaka tisa iliyopita na mama yake mgonjwa, baada ya vita kuwachomea nyumba, na kwa miaka yote hiyo yeye na Muhindo walikuwa wakizungumza lugha yao, kwa kuwa Kinande cha kwao na Lhukonzo cha huku ni kama kitu kimoja. Siku hiyo Muhindo alimsalimia kwa Lhukonzo. Laurentine akamjibu kwa Kiswahili, kama anavyowajibu wateja wasiojulikana na watu wa forodha.

"Karibu. Kiti iko pale."

Muhindo akaketi. Alianza kuzungumza juu ya kumaliza jambo nje ya mahakama, juu ya ujirani, juu ya wachukuzi waliokuwa na watoto. Laurentine alimwacha aseme mpaka maneno yakamwishia.

"Ona hii," akasema, akainua kipande cha kitambaa. Ukingo wake ulikwenda sawa mpaka katikati, kisha ukapinda. "Miye nilikuwa nakata sare kumi kwa siku bila kupima. Sasa nakata tatu, na moja inaharibika. Uzi sioni inaingia wapi. Nikimimina chai, naimwaga kando ya kikombe. Mama yangu anacheka, kisha analia. Batu wanasema, Laurentine anatafuta pesa. Ndiyo, natafuta. Mutu asiyeona anakula nini?"

"Nilikubeba," Muhindo alisema, na mara hiyo hiyo alijuta kulisema.

"Ulinibeba. Nilikuambia aksanti palepale, mu mugongo yako. Haukusikia?" Akaweka kitambaa chini. "Kuna kingine nilisikia ile siku. Nilikuwa hapa mulangoni. Nikasikia kipaza sauti, na sauti ilikuwa yako. Tupite sokoni. Nikasema, ah, ni Muhindo, basi haina shida, sifunge haraka."

Uchochoroni watu walikuwa wanapita na vikapu, wakizungumza habari za bei ya samaki. Muhindo alitazama mikono yake. Alikuwa na nafasi ya kusema, na mahali palikuwa pazuri, hakukuwa na karani wala mkalimani. Akaokota kipande cha uzi sakafuni, akakiweka mezani.

"Ulikuja hospitali mara ine," Laurentine alisema. "Mara ine nilingojea useme. Ukaniletea machungwa. Sasa uende. Niko na kazi."

Kesi ilisikilizwa Kasese mwezi wa sita, katika chumba chenye feni moja iliyozunguka polepole juu ya kichwa cha hakimu. Hakimu alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye sauti ya chini iliyowalazimisha watu kunyamaza ili wamsikie. Wachukuzi zaidi ya thelathini walikuja wakajaza mabenchi ya upande mmoja. Upande wa pili alikaa Laurentine na mama yake, na nyuma yao hakuna mtu.

Afande Muhwezi alitoa ushahidi kwanza. Alisema walikubaliana barabara kubwa, na kwamba kundi lilipoingia sokoni yeye na askari wake walishangaa, wakachelewa, wakalazimika kukimbia. Hakujua kundi liligeuka kwa nini, alikuwa mbali.

Akafuata Laurentine. Alieleza alichokieleza kibandani, akataja mpaka ile sauti ya kipaza sauti. Jonan aliinuka kumhoji. Alimwuliza kama alisikia tangazo la maandamano redioni. Alisikia. Mbona basi hakufunga kibanda? Kwa sababu tangazo lilisema barabara kubwa. Alimwuliza kama angeweza kuhakikisha ile sauti ilikuwa ya mwenyekiti, katika kelele zile, na hali yeye alikuwa ndani ya kibanda. Laurentine alifikiri.

"Sauti ya mutu unamujua, unamujua," alisema.

"Lakini hukumwona akisema."

"Sikumuona."

"Ni kweli kwamba na wewe ulirusha mawe?"

Laurentine alivua miwani. Hakuivua kwa hasira; aliivua kama mtu anayetaka kuona vizuri ni nani anayemwuliza. Wale waliokuwa mabenchi ya mbele wakainamisha vichwa.

"Nilikuwa navuta machine yangu," alisema. "Mikono yote mbili ilikuwa hapo."

Muhindo aliitwa baada ya mapumziko ya mchana. Aliapa, akasema atazungumza Lhukonzo, na mkalimani akasimama kando yake. Kutoka pale alipokuwa aliweza kuwaona wachukuzi wote kwa mara moja. Sam alikuwa mwisho wa benchi, na kando yake walikaa wale watu wawili, wamevaa mashati yaliyopigwa pasi.

Jonan alianza na barua. Je, hii ni sahihi yake? Ndiyo. Njia iliyoandikwa ni ipi? Barabara kubwa. Je, chama kilikaa wakati wowote kikaamua kubadilisha njia hiyo? Hapana, chama hakikukaa. Jonan aliridhika, akatazama karatasi yake.

"Kwa hiyo watu waliingia sokoni bila chama kuamua."

"Chama hakikuamua," Muhindo alisema. "Mimi niliamua."

Mkalimani alimtazama kabla ya kutafsiri, kana kwamba anampa muda wa kulirudisha neno. Muhindo akaendelea.

"Nilikuwa juu ya mkokoteni na kipaza sauti mkononi. Nilisema, tupite sokoni. Yule mama alisikia vizuri. Na hao watu wanaongoja kusema alirusha mawe, mimi nilikuwa naye karibu kuliko wao. Hakurusha kitu."

Benchi zikalia watu walipojisogeza. Jonan alikaa chini taratibu, akaweka kalamu mezani. Hakimu ndiye aliyeuliza.

"Kwa nini ulibadilisha njia, Bwana Muhindo?"

Alikuwa amejiuliza hilo kila siku kwa zaidi ya mwaka, na majibu mazuri alikuwa nayo mengi: malori yaliziba barabara, jua lilikuwa kali, watu walichoka. Yote yalikuwa na chembe ya ukweli.

"Tulikuwa wachache," alisema. "Nilitaka tuonekane wengi. Njia ikiwa nyembamba, watu wanaonekana wengi."

"Ulijua wenye vibanda wako kazini?"

"Nilijua. Ilikuwa siku ya soko."

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Sam na wale watu wawili walitoka nje kabla hajamaliza, na hawakuitwa tena.

Hukumu ilisomwa baada ya wiki tano. Hakimu alisema watu wana haki ya kuandamana, na kwamba malalamiko ya wachukuzi hayakuwa ya kipuuzi. Lakini anayekusanya watu na kukubali njia, kisha akaiacha njia hiyo kwa hiari yake na kuwaingiza mahali penye watu wengine wasioweza kukimbia, hawezi kusema hakuyajua yatakayotokea, hata kama mkono wake haukugusa jiwe. Laurentine hakuwa na kosa. Alikuwa mlangoni pake. Chama na Muhindo walitakiwa kumlipa shilingi milioni ishirini na mbili, pamoja na gharama za matibabu na za kesi.

Chama kililipa kwa akiba ya pikipiki, yote. Haikufika hata nusu. Wachukuzi walimwondoa Muhindo kwenye uenyekiti kwa kura ya mikono, na hakuna aliyemtetea, hata yeye mwenyewe. Sam akashika nafasi yake. Muhindo alirudi kubeba kama zamani, lakini mchana aliporudi bandani watu walisogeza sahani zao karibu na miguu yao, na aliyekuwa anasimulia alikatisha hadithi. Mmoja, mtu waliyeanza naye kazi siku moja, alimwambia kwa upole kwamba ukweli ni kitu kizuri, lakini angeununua kwa pesa yake mwenyewe.

Maneno hayo aliyachukua moyoni, kwa kuwa yalikuwa sawa. Akapanda mlimani kwao akauza shamba la kahawa aliloachiwa na baba yake. Docus alilia siku mbili. Ile kahawa ndiyo iliyokuwa ikiwalipia watoto ada, na alimwambia wazi kwamba yeye hakuwa juu ya mkokoteni, watoto hawakuwa juu ya mkokoteni, na sasa wote watalipa. Siku ya tatu Docus alikwenda naye kwa mnunuzi, akaweka sahihi yake chini ya sahihi ya mumewe, akarudi nyumbani.

Pesa ya mwisho Muhindo aliipeleka kwenye ofisi ya mahakama mwezi wa kumi na moja. Alimkuta Laurentine ameshafika, amekaa kwenye baraza akiwa na wakili wake. Sahihi zilipokwisha, wakili akaaga akaenda zake, na wao wawili wakabaki wamesimama nje, kwenye vumbi jeupe lililoletwa na malori ya saruji kutoka Hima.

"Ule wakili alitaka wakamate nyumba yako," Laurentine alisema. "Mwezi wa nane, ulipochelewa. Miye nikakataa."

Muhindo hakuwa na habari ya jambo hilo. "Kwa nini ulikataa?"

"Docus analala mule ndani." "Na kwa sababu ulisema. Mbele ya watu wako. Nilikuwa nimejua sitashinda. Mutu mumoja, sauti mu kelele. Nilikuja kushindwa tu, ili mama yangu aone nilijaribu."

"Ningesema mapema. Kule hospitali."

"Ndiyo," alisema. "Ungesema mapema."

Lori lilipita, wakangoja kelele zake ziishe.

"Sifikiri imekwisha," Muhindo alisema. "Usidhani ninafikiri hivyo. Najua unaamka nayo."

"Haujue," Laurentine alimjibu, lakini sauti yake haikuwa kali. "Kunakuwa asubuhi jicho inawasha, ile ambayo haiko. Nainua mukono kuikuna. Hiyo hauwezi kuijua. Lakini haukatae tena. Inatosha kwa leo."

Alisema amenunua cherehani ya umeme, na amemchukua binti wa jirani, Yvette, ili amkatie vitambaa. Yeye atashona tu, kushona mikono inajua yenyewe. Alikuwa anakwenda mjini kutafuta uzi wa bluu, kwa kuwa shule zinafungua mwezi wa pili na ule wa Bwera unafifia ukifuliwa. Muhindo alimwambia kuna duka nyuma ya stesheni ya reli ya zamani, la mama anayeitwa Sharifah, uzi wake ni mzuri. Laurentine akamwuliza ni mlango wa ngapi. Akamweleza. Laurentine akaitikia kwa kichwa, akafunga kitambaa chake cha kichwani vizuri, akavuka barabara akigeuza shingo mbali upande wa kulia, mara mbili, kabla ya kukanyaga lami.